Kompyuta Inamsubiri Baba Mkubwa

Kutoka stendi ya mabasi ya Kilwa Masoko hadi nyumbani kwa mzee Issa Likanga ni mwendo mfupi, mtu huufanya na ndoo ya maji kichwani na asichoke. Jumamosi ile bajaji aliyoikodi mzee Issa iliumaliza kwa muda wa kupika wali na kuula. Ilizunguka soko lote. Ikateremka njia ya bandarini, ambako mzee hakuwa na shughuli yoyote, ikapanda tena kupitia ofisi za wilaya ambazo Jumamosi hufungwa, na ikapunguza mwendo mbele ya kila baraza lililokaliwa na watu. Ndani yake alikaa mzee mwenyewe, karani mstaafu, amevaa kanzu ya Ijumaa siku ya Jumamosi, amekumbatia boksi kubwa, na maboksi madogo yamemzunguka miguuni. Aliyemsalimu alijibiwa kabla hajauliza.

"Kompyuta! Ya binti yangu Zuwena. Imeundwa Dar kwa oda maalumu, siyo hizi za kuokota dukani."

"Mashallah, mzee Issa!"

"Imeundwa, nakwambia. Kila kiungo kimechaguliwa!"

Dereva alipodhani sasa safari imekwisha, akaambiwa apite na kwa fundi cherehani.

"Pale wanapenda sana kuulizia habari za watu," alisema mzee Issa. "Leo tuwapelekee wenyewe."

Nyumbani, Zuwena alikuwa mlangoni na kisu cha jikoni mkononi, tayari kukata utepe wa gundi wa maboksi. Zuwena alikuwa na diploma ya kuchora ramani za majengo na talaka moja, vyote viwili amevipatia Lindi. Talaka ilikuwa imeshafanya kazi yake, ikamrudisha chumbani kwake kwa zamani. Diploma ndiyo ilikuwa bado inatafuta kazi, na sasa kazi ilikuwa imebisha hodi. Injinia Scholastica, mwanamke kijana mwenye kampuni yake ya ujenzi kule Lindi, alikuwa ameona michoro yake akampa mtihani: achore nyumba ya kulala wageni, ndani na nje, mteja aweze kuizungusha kwenye kioo na kuiona kama imeshajengwa. Alhamisi saa sita mchana mteja anakuja. Akiridhika, Zuwena anaajiriwa kwa mshahara wa kila mwezi, kazi anaifanyia hukuhuku Masoko. Asiporidhika, asante sana na kila la heri. Laptopu yake ya chuoni ilikuwa ikiufungua mchoro ule kwa kukohoa, halafu inazima. Ndiyo maana Scholastica alimwambia waziwazi kwamba bila mashine ya maana asijisumbue.

Maboksi yalipangwa sebuleni juu ya mkeka mpya. Zuwena akapiga magoti, akaweka ncha ya kisu kwenye gundi.

"Weka hicho kisu chini," alisema baba yake.

"Kwani vipi, baba?"

"Haifunguliwi hiyo mpaka baba yako mkubwa afike."

Hapa lazima niwaeleze ukoo wa Likanga, maana ukiwaacha wajieleze wenyewe hutawaamini. Kitu kikinunuliwa kwa mchango, kwao kinakuwa kama bwana harusi: hakuna kumgusa mpaka waliotoa wote wawe wameketi. Ilikuwa hivyo kwa cherehani ya shangazi. Ilikuwa hivyo kwa tangi la maji, ambalo lililala ubavu uani msimu mzima wa vuli, mvua zinapita pembeni yake zinaelekea baharini, kwa sababu mmoja wa wachangiaji alikuwa anaumwa mgongo na hakuweza kusafiri. Watu wakateka maji kwa jirani, heshima ikabaki palepale. Na kwenye kompyuta hii aliyetoa mchango mkubwa kuliko wote alikuwa mzee Nurdin, kaka yake mzee Issa, mkulima wa korosho wa Kilangala.

"Anakuja lini?" aliuliza Zuwena.

"Kesho. Au keshokutwa. Unajua mambo ya korosho."

"Baba, kazi inatakiwa Alhamisi."

"Alhamisi iko mbali! Leo Jumamosi, mwanangu, hata vumbi la safari halijatulia."

Zuwena akaweka kisu chini, akaanza kupapasa maboksi kwa nje, maana kupapasa hakukukatazwa. Aliyapitia yote, akayarudia, akaangalia hadi nyuma ya mlango.

"Lile boksi zito liko wapi? La UPS?"

"Lipi hilo?"

"La kutunza umeme ukikatika, mashine isizime ghafla. Na pawa saplai je, ile ya kugawa umeme humo ndani, walikuwekea niliyokuandikia?"

Mzee Issa akamtazama mkewe. Bi Kazija akatazama dari.

"Tulipunguza," alisema mzee.

"Mlipunguza? Nani na nani?"

"Mimi na Dadi."

Dadi ni mpwa wao anayeuza makava ya simu Kariakoo, na kwa hiyo ndiye mtaalamu wa teknolojia wa ukoo mzima.

"Fundi wa dukani alituonyesha hilo dude lako," aliendelea mzee Issa, akipata nguvu. "Jeusi, zito kama tofali, halina hata mapambo. Nikamuuliza, hili mgeni ataliona wapi? Akasema linakaa chini ya meza. Nikamwambia basi hiyo hela tuipandishe juu ya meza. Tukachukua keisi ya vioo, Zuwena! Ina taa. Zinabadilika rangi zenyewe, nyekundu, kijani, bluu, unakaa tu unatazama."

"Na pawa saplai?"

"Tuliweka nyingine, ndogo ndogo hivi. Imo humo ndani, nani ataifungua aiangalie?"

"Fundi alisema nini?"

"Alisema maneno mengi. Ni mtu wa maneno yule."

Zuwena alitaka kupiga kelele. Alimwangalia baba yake alivyokuwa anapangusa boksi kwa upindo wa kanzu ya Ijumaa, akakiokota kisu, akakiweka juu ya kabati.

Jumapili walianza kuja watu wa hongera. Ndiyo, hongera ya maboksi. Walivua viatu mlangoni, wakaingia kwa kunyata, wakayatazama maboksi yalivyolala mkekani, wakasema hongereni sana, Mungu awazidishie. Bi Kazija akakaanga vitumbua toka alfajiri. Zuwena, ambaye alipaswa kuwa anachora paa la nyumba ya wageni, alikuwa anagawa chai.

Shangazi Hafsa alikuja na kitambaa alichokifuma kwa mkono, cheupe, chenye maua ya zambarau pembeni, cha kuifunika kompyuta itakapokaa mezani. Alikuja pia na chetezo. Akawasha makaa, akatia udi, akayazungushia maboksi moshi wa kutosha harusi mbili.

"Si kwa ubaya," aliwaambia wageni waliokuwa wanakohoa. "Ila macho ya watu mnayajua."

Wageni wakaitikia kwamba wanayajua, na kila mmoja akamtazama mwenzake.

Jirani wa nyumba ya tatu, mama mwenye sauti ya kusikika hadi gatini, alipokea chai yake na kumshika Zuwena mkono.

"Umefanya vizuri mwanangu. Mwanamke akishaachwa, akipata kitu cha kumshughulisha, mawazo yanapungua. Mimi dada yangu alifuga kuku."

"Asante, mama."

"Hebu niongeze sukari."

Akamwongezea. Alipokwenda jikoni kujaza birika, mama yake alimuona macho yamekuwa mekundu, akamwambia ni moshi wa udi, na Zuwena akakubali kwamba ni moshi wa udi.

Jumatatu, baba mkubwa hakutokea. Zuwena akampigia simu mwenyewe.

"Shikamoo baba mkubwa."

"Marahaba mwanangu! Hamjambo huko? Kompyuta haijambo?"

"Haijambo. Baba mkubwa, nilikuwa naomba ruhusa niiwashe, nianze kazi. Ukija utaikuta."

"Niikute!" Sauti ya mzee Nurdin ilipanda. "Mimi niuze korosho zangu, halafu kompyuta niikute imeshapoa?"

"Haipoi, baba mkubwa. Inakuwa vilevile."

"Sikiliza Zuwena. Baba yako alinieleza vizuri. Shangazi yako ametoa ya keibodi, wengine wameungaunga huko ndani. Mimi kioo. Kile kioo ni changu. Sasa wewe unataka ukae mbele ya kioo changu kabla mimi sijakiona?"

"Hapana, baba mkubwa."

"Basi. Keshokutwa nipo hapo, inshallah. Huku kuna harusi, siwezi kuondoka kabla ya pilau."

Jumatano, yaani. Siku moja kabla ya mteja. Zuwena akajumlisha saa zilizobaki, akaona kwamba akichora bila kula na bila kulala huenda akamaliza. Kisu kilikuwa palepale juu ya kabati. Mtu wa mbali atauliza kwa nini asikate tu hiyo gundi, karatasi tu ile, amalize. Mtu wa mbali hajawahi kuachwa akarudi nyumbani kwao. Angekata, na kabla ya magharibi ukoo mzima kutoka Masoko hadi Kilangala ungekuwa umeshakubaliana: mnaona? Ndiyo maana hakukalika kule kwa mumewe, hasikii la mtu. Kosa lolote alilofanya sasa, hata kuunguza maharage, lilipelekwa moja kwa moja kwenye faili la talaka.

Jumanne ikaingia simu ya Scholastica.

"Mashine imefika?"

"Imefika, dada. Toka Jumamosi."

"Safi sana! Umefikia wapi?"

"Bado haijafunguliwa."

"Haijafunguliwa kwa nini? Imeharibika?"

"Nzima. Tunamsubiri baba mkubwa."



"Baba mkubwa ni fundi?"

"Hapana. Ni mkulima wa korosho."

"Zuwena," alisema Scholastica taratibu, "mimi nina watu watatu wanaoitaka hii kazi. Nimekupa wewe kwa sababu mchoro wako niliuona, una akili. Lakini mteja hatanunua akili yako, atanunua anachokiona Alhamisi saa sita. Umenielewa?"

"Nimekuelewa, dada."

"Msalimie baba mkubwa."

Mzee Nurdin aliwasili Jumatano mchana na gunia la korosho, wajukuu, na njaa ya safari. Kwa hiyo kwanza alikula. Halafu akaswali. Halafu akauliza habari za kila mtu aliyewahi kuishi Masoko, walio hai na waliotangulia. Sebule ikajaa mpaka wengine wakasimama dirishani. Hatimaye mzee Issa akasafisha koo, akasema, "Zuwena, lete kisu."

Niseme ukweli, kwa muda mfupi uliofuata nyumba ile ilipendeza. Zuwena alikata gundi, akatoa vitu kimoja kimoja, akaweka monita, akachomeka nyaya, akaipachika kadi ya picha, ile ya kuuzungusha mchoro, mahali pake ikaitikia kwa mlio mdogo, na mikono yake haikusita hata mara moja. Watu wakamtazama. Mzee Issa alikuwa amesimama nyuma yake, midomo inamcheza. Bi Kazija akajifuta uso kwa ncha ya kanga. Kisha Zuwena akataka kuisogeza meza, maana jua la dirishani lilikuwa linaipiga mashine ubavuni.

"Iache hapohapo," alisema baba yake. "Hapo inaonekana kutoka barabarani."

"Na hii soketi imelegea, baba. Bora tungeichomeka kule chumbani."

"Zuwena, watu wanasubiri."

Mzee Nurdin akasoma dua, ndefu, akiombea hadi mitambo ya umeme. Kisha akanyoosha kidole, akabonyeza. Taa zikawaka nyekundu, zikawa kijani, zikawa bluu, na vigelegele vikapasua paa. Vilikuwa havijaisha, shangazi Hafsa akaifunika mashine nzima kitambaa chake.

"Shangazi, inatakiwa ipumue! Ina feni."

"Na vumbi je? Redio yetu nimeifunika mwaka wa ngapi huu, imekufa?"

Mzee Nurdin akataka ajione kwenye kioo chake. Ikabidi picha yake itolewe kwenye simu, iwekwe, ikuzwe, maana kwanza ilikuwa ndogo. Akajitazama, akaridhika, akaomba aonyeshwe na shamba. Wajukuu wakataka katuni. Jirani wa nyumba ya tatu akauliza kama inaweza kuchaji simu yake, akaambiwa inaweza, akaichomeka. Watu wakapanga mstari kupiga picha nayo, mmoja mmoja, halafu kwa makundi, kisha akinamama peke yao. Zuwena alisimama kando na flashi yenye mchoro wake ndani ya kiganja, ameibana hadi imepata joto. Kila aliposogea, mtu mwingine alikuwa ameshakaa kwenye kiti.

"Bado kidogo tu, mwanangu," baba yake alimnong'oneza. "Wakishaondoka ni yako."

Umeme ukakatika. Watu wakaguna, kama tunavyoguna siku zote. Ukarudi, ukakatika tena, halafu ukarudi kwa hasira, balbu ya sebuleni ikang'aa kama tochi ya polisi, na chini ya kitambaa cha shangazi Hafsa kitu kikasema pa! Harufu ya kuungua ikatoka. Zuwena akaruka, akachomoa waya, akakivuta kitambaa.

Mzee Nurdin ndiye aliyetoa uamuzi.

"Mtu ametia jicho."

Heri angesema nyumba inawaka moto. Jirani wa nyumba ya tatu akaapa kwamba yeye alisema mashallah, tena mara mbili, na walioketi karibu naye ni mashahidi. Mwingine akasema kuna watu wamepita dirishani bila kusema chochote. Shangazi Hafsa akataka kila ambaye hakusema mashallah aseme sasa hivi, pengine itaamka. Wakasema wote, kwa pamoja, wakiitazama mashine. Haikuamka.

Hapo Zuwena akacheka. Alicheka vibaya, mpaka watoto wakarudi nyuma.

"Jicho! Jicho gani? Ni umeme! Umeme umekuja kwa nguvu, haukukuta kitu cha kuuzuia, kwa sababu kile cha kuuzuia hakina taa! Mngekipigaje picha?"

"Zuwena," alisema mzee Issa. "Wageni."

"Nimewaona wageni, baba! Toka Jumapili nawaona wageni! Kesho saa sita kazi yangu inaondoka, nani kati yao ameniuliza ninafanya kazi gani?"

Shangazi Hafsa alitikisa kichwa. Mtu mmoja karibu na mlango alisema, si kwa sauti ndogo sana, "Ndiyo maana." Hakuhitaji kumaliza.

Wageni walitawanyika, kila mmoja akiapa njiani kwamba jicho si lake. Mzee Nurdin akajilaza chumba cha wageni, amechoshwa na kioo chake. Zuwena akakaa sakafuni na bisibisi, akaanza kufungua ubavu wa mashine. Baba yake alisimama juu yake, hajui aweke wapi mikono.

"Itapona?"

"Niache, baba."

"Nimeuliza tu."

"Ungeuliza Kariakoo. Fundi alikuwa mbele yako anakwambia, wewe ukasema ni mtu wa maneno. Mimi ndiye niliyesomea, baba. Nilikuandikia kila kitu. Hukunipigia hata simu."

Mzee Issa aliketi kwenye ukingo wa kiti, kile cha kupigia picha.

"Siku uliyorudi kutoka Lindi," alisema, "ulishuka stendi na begi moja, ukapita kwa miguu katikati ya soko. Mimi nilikuwa barazani kwa fundi cherehani. Nilisikia waliyoyasema juu yako. Yote. Nikajifanya sikusikia, nikaendelea kunywa kahawa, mimi baba yako." Akaokota skrubu iliyodondoka sakafuni. "Nikaweka nia kwamba ipo siku watu walewale watakaa palepale, na wataona kitu cha Zuwena kinapita. Basi. Sikuwa na nia nyingine."

Zuwena alimpenda baba yake sana wakati ule, na akamkasirikia kuliko mwanzo. Alitamani angekuwa baba mbaya tu, mambo yangekuwa mepesi.

"Mimi sikutaka wanione, baba," alisema. "Nilitaka wanisahau, nifanye kazi yangu."

Alikwenda kwa Debora, mwenye steshenari karibu na soko, akaazima pawa saplai kuukuu iliyotolewa kwenye kompyuta iliyokufa. Akaifunga, akabonyeza. Mashine ikawaka kwa unyonge, bila taa zile na bila kadi ya picha, maana haikuwa na nguvu ya kuvibeba, lakini ikawaka. Iliyoungua ilikuwa ile pawa saplai ndogo ya bei rahisi peke yake, vingine vyote vimesalimika. Fundi wa Dar akapigiwa. Hakusema "nilikwambia," ingawa alikuwa na haki. Alisema atatuma pawa saplai ya maana pamoja na UPS kwa basi la kesho usiku, wamlipe taratibu. Ijumaa vitakuwa Masoko. Akichora Ijumaa, Jumamosi na Jumapili, Jumatatu kazi imekwisha. Ila mteja hakusema Jumatatu.

Alhamisi asubuhi Zuwena alikaa na simu mkononi, anaandika ujumbe, anafuta, anaandika. Mzee Nurdin alikuwa anakunywa chai na mkate wa kumimina. Bi Kazija alikuwa anachagua mchele ambao ulikuwa umeshachaguliwa.

"Umemwambiaje?" mama yake aliuliza.

"Sijamwambia. Nimwambie nini? Tulikuwa tunapiga picha?"

"Nipe hiyo simu," alisema mzee Issa.

"Utaharibu zaidi, baba."

"Kuna kilichobaki cha kuharibu?"

Zuwena akatafuta, hakukiona. Akampa simu.

"Mkazie sauti," mzee Nurdin alimshauri, mdomo umejaa mkate. "Hawa mabinti wa maofisini ukiwalegezea wanakupanda kichwani. Mwambie wewe ni mtumishi wa serikali mstaafu."

Mzee Issa akavaa kofia yake, akainyoosha, kana kwamba anaonekana. Simu ikaita. Ikapokewa.

"Ee Zuwena, niambie," ilisema sauti ya mtu mwenye haraka.

"Shikamoo," alisema mzee Issa.

Mkate ukasimama njiani kwenda kinywani mwa mzee Nurdin. Nusu ya Masoko humwamkia mzee Issa. Yeye mwenyewe, toka wazee wake walipokwisha, shikamoo ilikuwa imebaki kwa kaka yake peke yake. Na sasa aliitoa mbele ya kaka huyohuyo, kwa msichana ambaye angeweza kuwa mdogo anayemfuata Zuwena kama Bi Kazija angejaliwa wa pili.

"Nani mwenzangu?"

"Issa Likanga, wa Masoko. Baba yake Zuwena."

"Jamani! Mzee, shikamoo! Mbona unaniamkia wewe?"

"Shikamoo yako nitaipokea siku nyingine, mama. Leo mimi ndiye mwenye shida." Alishika simu kwa mikono miwili. "Mtoto hana kosa. Mashine ilifika Jumamosi, alitaka kuifungua nikamzuia mimi. Vifaa alivyovitaka nilivipunguza mimi, nikaweka mataa. Jana imeungua. Kinachotakiwa kinafika kesho, na Jumatatu kazi utaipata, naapa. Yeye hajui kuomba, sikumfundisha. Ndiyo naomba mimi."

"Mzee." Sauti haikuwa tena na haraka. "Nakuheshimu. Lakini mteja anafika leo saa sita. Ameshatoka Mtwara."

"Nipe namba yake nimuombe mwenyewe."

"Hapana, mzee wangu, humjui huyu. Ni kijana mdogo tu, ana hela na hana adabu. Atakujibu vibaya."

"Nitamwamkia na yeye."

Bi Kazija alikuwa ameacha mchele. Kule Lindi mtu alivuta pumzi, akaitoa.

"Usimwamkie mtu yeyote, mzee," alisema Scholastica. "Tafadhali. Nitamwambia ni mimi niliyechelewa. Jumatatu saa mbili asubuhi mchoro uwe kwangu, na usipofika Jumatatu, nisipigiwe simu na mtu."

"Jumatatu. Asante, mama. Asante sana. Mungu akuweke."

Aliirudisha simu bila kumtazama aliyemrudishia. Akavua kofia, akaikunja, akakaa.

"Issa," alisema mzee Nurdin, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeibiwa. "Umemwamkia mtoto wa kike. Ukoo wetu, Issa!"

"Ndiyo, kaka," alisema mzee Issa. "Kunywa chai, inapoa."

Tangu jana Zuwena alikuwa akiomba kimoyomoyo, kwa uchungu wote aliokuwa nao, baba yake apate aibu japo siku moja, ajue inavyouma. Sasa alikuwa ameipata, ameitafuta mwenyewe na kuimeza mbele ya kaka yake, na Zuwena hakujua pa kutazama. Akainuka, akaenda kuihamishia meza ya kompyuta chumbani.